Ubao wa Driek

Zandoord,
Jumapili, tarehe 3 Machi

Kwa mdogo wangu Huub,

Salamu kwako, kwa Annelies na kwa Fenna. Natumaini nyonga yako haikusumbui mno kwa baridi hii, na kwamba zile dawa mpya zinakupa usingizi. Mimi nipo, napumua. Goti langu hunikumbusha kila mvua inapotaka kunyesha, na kwa mvua za huku kwetu, halipati nafasi ya kunisahau. Mama hajambo. Jana nilimpelekea supu ya njegere akaniambia chumvi imezidi, kwa hiyo ujue ni mzima kabisa.

Utashangaa kupata barua kutoka kwa mtu anayekaa mtaa wa tatu kutoka kwako. Annelies atacheka, atasema Driek kazeeka, kasahau matumizi ya simu. Mwache acheke. Haya ninayotaka kuyasema siwezi kuyasema mbele yako, kwa sababu una tabia ya kumkatiza mtu kwa wema, na wema wako, ndugu yangu, sasa umenifika hapa kooni.

Wiki iliyopita uliniomba jambo. Ulisema Fenna amepata timu, kwamba kuanzia Aprili ataingia mbio za dunia za motokrosi za wanawake, na kwamba anamtaka mtu mmoja tu amshikie ubao wa namba pale kando ya njia, naye ni ami yake. Nilijibu nitafikiri. Ukacheka, ukasema safari hii mtaninunulia kikokotoo. Huub, jibu langu ni hapana, na barua yote hii ni sababu yake. Kaa chini uisome mpaka mwisho.

Nianze mbali kidogo, maana na mimi nina langu moyoni. Watu wanaposimulia maisha yako husema ulizaliwa na injini kifuani. Hawasemi kwamba pikipiki ya kwanza uliyoshindia ilikuwa yangu. Nilikuwa na miaka kumi na tisa, nimelala hospitalini, mguu umefungwa plasta mpaka pajani, goti limegeuka lisikojua. Baba akaja kunitazama. Alisimama kando ya kitanda bila kuvua koti lake la bandani, bado linanuka nguruwe, akasema kiingilio cha Jumapili kimeshalipwa, hivyo Huub atapanda ya kwangu. Hakuniuliza, alinijulisha tu. Wewe ulikuwa na miaka kumi na tano, miguu haifiki chini vizuri, na ukashinda. Ukaniletea kikombe wodini, ukakiweka juu ya kabati, ukalia kuliko mimi mwenye maumivu. Sijawahi kukuambia kwamba ulipotoka tu nilimwomba muuguzi akiondoe.

Baada ya hapo nikawa mikono yako. Ulipogeuka mchezaji wa kulipwa, una miaka kumi na minane, mimi ndiye niliyeendesha kombi mpaka Latvia, mpaka Italia, mpaka kule Uswidi uliposhinda mbio yako ya kwanza ya dunia kwenye tope la magotini. Nimeosha mchanga kwenye pikipiki yako mpaka ngozi ya vidole ikapasuka. Nimekufunga kifundo kilichovunjika kwa utepe, nikakupandisha, nikakusukuma. Kwenye picha za magazeti unatabasamu, na pembeni kuna mkono umeshika mwavuli. Mkono huo ni wangu. Kichwa changu walikuwa wakikikata.

Lakini sitadanganya kwamba nilikuwa naumia kila siku. Kulikuwa na ubao. Mpanda pikipiki mwenye helmeti kichwani na mchanga machoni hajui yeye ni wa ngapi. Hasikii kipaza sauti, hajui nani kaanguka, hawezi kutofautisha aliye mbele yake na aliyemzidi mzunguko mzima. Anajua kile tu fundi wake alichomwandikia kwa chaki. Kwa nusu saa, kila dakika mbili, mtu mmoja tu duniani alikuwa akikwambia ukweli, na mtu huyo alikuwa mimi. Mshahara wangu hasa ulikuwa huo.

Mwaka ule wa taji unaujua. Timu ya watu wawili na kombi moja, dhidi ya watu wenye malori na wapishi, na bado tulifika mbio ya mwisho ukiwa mbele ya Goossens, yule Mbelgiji, kwa pointi sita. Na mbio yenyewe hapahapa nchini, kwenye mchanga mzito tuliokulia. Hesabu ilikuwa nyepesi. Goossens akishinda, wewe umalize wa tatu tu, uwe bingwa wa dunia. Ukiwa wa nne, umekosa.

Ikabaki mizunguko miwili. Goossens alikuwa mbele peke yake. Wewe ulikuwa wa nne, nyuma ya Mfaransa mmoja ambaye mikono ilishamchoka. Kila mzunguko ulimpunguzia sekunde mbili, na zilibaki tatu. Ulipopita nikakuinulia ubao. Ulikuwa umeandikwa 3, na chini yake TULIA. Ukainamisha kichwa kidogo kama siku zote, kuniambia umeona. Mzunguko uliofuata nikauinua tena, 3 ileile, nawe ukainamisha kichwa tena. Watu kwenye uzio walikuwa wakipunga mikono kama wenye wazimu, wakikuhimiza, nawe ukadhani wanakushangilia. Ukavuka mstari umesimama wima juu ya pikipiki, mikono yote hewani. Ukavua glavu ukawatupia watu. Ulizunguka nusu ya uwanja ukibusu hewa kabla hujaona Goossens amebebwa mabegani.

Ulikuja kwangu ukisukuma pikipiki, miwani umeipandisha, macho meupe na uso uliobaki mweusi wa mchanga. Ukaniuliza, "Driek, si uliandika tatu?"

Nikakujibu, "Nilikosea kuhesabu."

Kisha ukanishika shingo kwa nyuma, ukasema, "Basi, kaka. Twende nyumbani."

Baba alikuwa nyuma yako, naye hakusema basi. Aliniambia, "Nguruwe wangu wanahesabu kuliko wewe," na mpaka tunamzika, miaka sita baadaye, hakuwahi kunipa sentensi ndefu kuliko hiyo.

Februari iliyofuata vijana wa hapa wakatengeneza gari la maandamano ya kanivali. Unalikumbuka. Sanamu yangu ya karatasi, kichwa kidogo kama yai, imeshika ubao mkubwa ulioandikwa 1+1=3. Kijiji kizima kilikuja kucheka. Wewe ukapanda juu ya gari lile, ukanivuta na mimi, ukanivika kofia ya kijinga, ukachukua kipaza sauti ukawaambia atakayemcheka Driek amcheke na Huub. Watu walifuta machozi. Walisema ndugu wa namna hii siku hizi hawazaliwi. Tangu hapo hata yule wa kibanda cha chipsi akinirudishia chenji huniuliza kama anisaidie kuihesabu. Mama mpaka leo ananiwashia mshumaa kwenye kikanisa cha Bikira Maria, akiomba nifunguliwe akili. Miaka ishirini nimekuwa mjinga rasmi wa Zandoord, na nimecheka pamoja nao, nikanunua bia, nikakubali.

Na wewe ukaanza kulikimbiza lile taji lililokuponyoka. Mwaka uliofuata uliliruka tuta ambalo hakuna mwenye akili timamu angeliruka kwa kasi ile, ukavunja nyonga. Ukarudi kabla mfupa haujashika. Mwaka wa tatu, kifundo. Wa nne, mbavu na pafu. Goossens alistaafu na mataji manne, nawe ulikuwa unamaliza wa kumi, wa kumi na mbili. Mwisho wake ulikuwa Ujerumani, kwenye uwanja wa maonyesho ya kilimo, ulipomaliza wa kumi na sita nyuma ya vijana wasiojua jina lako. Ndani ya kombi ukaniambia, yatosha. Ulikuwa na miaka thelathini na minne. Leo unapiga vigae kwenye bafu za watu, na ngazi unazipanda ukishikilia ukuta. Kila nikikuona ukishika ukuta, Huub, natazama pembeni.

Sasa sikiliza. Mimi kuhesabu najua. Siku ile nilihesabu sawasawa. Nilijua wewe ni wa nne, nilijua zimebaki sekunde ngapi, nilijua ungempita Mfaransa kabla ya ile kona ya misonobari. Nilichukua chaki, nikaandika tatu, nikijua ni uongo.

Asubuhi ya mbio alikuja hemani kwetu yule mkubwa wa timu ya kiwanda cha pikipiki, wewe ukiwa umekwenda kukagua njia. Nikampa kahawa. Aliniambia, akidhani ninajua, kwamba ukiwa bingwa utasaini nao Jumatatu. Alisema wana mafundi wao, wawili, waliosomea. Akanipigapiga bega, akasema, "Na wewe sasa utapumzika, mzee." Nilikuwa na miaka thelathini na moja. Wewe hukuwa umeniambia lolote. Nikaona kama nimerudishwa kwenye kile kitanda, na mtu amesimama kando yangu bila kuvua koti. Sikukuuliza. Ungekuwa umeniambia, nilijisemea, kama ungekuwa na nia ya kunichukua. Nikafunga cheni yako, nikakagua matairi yako, nikakutakia heri. Kikulacho ki nguoni mwako, na mimi ndiye niliyekuwa nikikuvika nguo.

Nimejitungia visingizio vingi. Kwamba niliogopa usijivunje ukimkimbiza Mfaransa. Kwamba Annelies alihitaji mume mzima. Uongo mtupu. Sikutaka uende bila mimi, basi. Na nilifaulu. Timu ya kiwanda ikamsaini Goossens, wewe ukabaki na mimi na kombi letu, miaka saba. Watu waliponiita mjinga nilinyamaza kwa sababu mjinga husamehewa. Jina langu lingine hakuna ambaye angelipandisha kwenye gari la kanivali.

Hili ningezikwa nalo. Lakini Januari, kwenye siku ya kuzaliwa ya Mama, tumekaa duara kama kawaida, kila mtu na kipande chake cha keki gotini, binamu Sjaan akaanza utani wake wa kuhesabu mishumaa. Annelies akamkatiza. Alisema wasinicheke, kwani watu hawajui Huub alimpenda kaka yake kiasi gani. Akasema Jumamosi ile kabla ya mbio ulimkalisha yeye mwenyewe chini ukamwambia wakimtaka bingwa wamchukue na Driek, la sivyo hakuna saini. Na kwamba ulitaka nizipate habari hizo pamoja na kombe, siku ileile. Wewe ukatazama zulia, ukasema hayo yamepita. Hukutaka kuniumiza. Sjaan akasema jamani, jamani. Nami nilikuwa na keki mdomoni. Niliitafuna, nikaimeza, nikamsifu Mama kwa keki.

Kwa hiyo Fenna simshikii ubao. Mtafutieni mtu ambaye akiinua namba, mtoto hatakuwa na haja ya kujiuliza. Mwambie sababu au usimwambie, uamuzi ni wako. Mama usimwambie. Umri wake haumruhusu kuanza upya na mimi.

Siombi msamaha, maana ninakujua, utanipa kabla sijamaliza kuomba, na sitauweza. Ila kuna jambo moja bado, na nikiliacha barua hii nayo itakuwa uongo. Ile miaka saba, Huub. Wewe ukiungua moyo kila Jumapili, mimi ndani ya kombi, tukirudi nyumbani, chipsi zetu kwenye karatasi kati ya viti viwili, umelala umeegemeza kichwa kwenye kioo. Nilikuwa na raha. Nilikutazama umevunjika, umelala, huna pa kwenda pengine, nikawa na raha kuliko siku yoyote ya maisha yangu.

Msalimie Annelies, na mpe Fenna heri zangu za Aprili. Jumatatu posta haileti, kwa hiyo hii itakufikia Jumanne. Siku hiyo sitakwenda kazini, na mlango wa nyuma sitaufunga.

Ni mimi, kaka yako,
Driek