Koti Lako Chini ya Tandiko

Kitengela

Baba Muthoki,

Sisi tuko wazima, na huko Kajiado mjini Mungu akulinde. Muthoki ameota meno mawili.

Kiangazi kimemkondesha farasi, sasa tandiko linamkalia kwenye uti wa mgongo, limemtia kidonda. Jumapili, nikipandisha watoto, alimwangusha Resian wa jirani. Mtoto hakuumia, lakini mama yake aliniuliza, "Mama Muthoki, huyu mwenye farasi atarudi lini?"

Sipandishi watoto tena hadi kidonda kipone. Lile koti uliloacha kwenye msumari ukisema utalifuata, nimelikata. Nimeshona mito miwili, mmoja kila upande wa mgongo, katikati nimeacha nafasi ya mkono kupita, tandiko lisiguse uti. Tandiko limemkaa vizuri, ametulia.

Kwa hivyo usifuate koti. Ukija, tufuate sisi.

Wako bado,
Mbithe