Kaka, Baba Aliuliza Kama Atamtambua Mama

Kaka yangu mpendwa,

Miezi saba imepita tangu tukuzike kijijini Msanzi, na bado nikipata jambo la kuchekesha hapa dukani kwangu Majengo, mjini, nashika simu nikupigie. Juzi mama mmoja wa Mbeya, mke wa afisa ardhi, aliniletea kitenge nimshonee gauni. Nilipompima akaniambia, "Fundi, punguza inchi mbili, nyingine Mungu atapunguza mwenyewe." Nikacheka, nikasema moyoni, hii lazima kaka aisikie. Halafu nikakumbuka. Nikamwomba yule mama arudi kesho.

Nakuandikia kwa sababu uliniuliza swali wodini, nami dada yako sikukujibu. Lakini siwezi kulijibu bila kuanzia uani kwetu, Julai ile baada ya mama kufariki.

Ulikuwa mwaka wa pili wa falsafa seminarini. Ulikuja likizo umekonda, umevaa sweta mbili kwa baridi yetu, na kinywa kimejaa Wagiriki. Tulikuwa tunapura maharage, wewe, mimi na baba. Ukatusimulia habari za wanafalsafa wa kale waliofundisha kule Misri na Rumi, jinsi walivyosema kwamba vitu vyote vimetoka kwa Mmoja, naye hapungukiwi kwa kutoa. Na kwamba roho ya mtu iko ugenini humu mwilini, inatamani kwao. Mimi nilisahau kazi nikabaki na fimbo mkononi. Sikuwahi kufikiri kwamba ndani yangu kuna mgeni anayetaka kurudi nyumbani.

Baba akaweka fimbo yake chini. Unajua hakuwa mtu wa maneno. Akakuuliza, "Sasa mwanangu, nikifika huko, mama yenu nitamtambua?"

Na wewe, kwa haraka ya mtu aliyetoka darasani, ukajibu, "Baba, majina na sura ni mambo ya huku. Roho ikirudi kwa Mmoja ni kama tone la mvua likiangukia Ziwa Rukwa. Hakuna tena hili tone na lile."

Baba alikutazama mpaka mimi nikaona aibu kwa niaba yako. "Basi nimempoteza mara mbili," akasema. Akainuka, akaingia ndani, akafunga mlango.

Ulisimama mlangoni ukimweleza kwamba hujamaliza, kwamba Wakristo wa kale hawakukubali yote waliyosema wale Wagiriki. Hakufungua. Tangu siku ile aliitikia shikamoo yako na alikula na wewe, ila habari za Mungu hakukuuliza tena. Na rozari, ile aliyokuwa akiisali na mama kwa sauti mpaka majirani wanajua ni zamu ya nani kuongoza, akaiacha.

Mwaka uliofuata ukatoka seminarini. Kijijini walisema ni mambo ya mwanamke. Mimi ndiye uliyeniambia ukweli, tumesimama stendi na begi lako miguuni: "Mdogo wangu, nitahubiria watu nini, na baba yangu mwenyewe nimemfunga mdomo asisali?"

Ukapata ualimu Ilemba, huko bondeni kwenye joto, na kila mwezi ulipanda na basi kuja kwangu. Ulikuwa unakaa kwenye kile kiti cha wateja, unakohoa kidogo kabla ya kuanza sentensi, kisha unaanza. Wateja walidhani wewe ni mchungaji wa kanisa fulani. Ulinieleza kwamba wale Wakristo wa kwanza walijifunza mengi kwa Wagiriki: kwamba Mungu hatafutwi mbali, mtu arudi kwanza ndani ya nafsi yake, na kutoka humo ndipo apande kwake, kama kwa ngazi. "Lakini mwili hawakukubali kuuita gereza kama Wagiriki," ukasema siku moja. "Wangewezaje, na Mungu mwenyewe aliuvaa?" Nilikuwa napiga pasi. Nikakuambia hayo ndiyo maneno ya kumpelekea baba. Ukajibu, "Bado. Sijajua namna ya kumwambia."

Ulisema "bado" kwa miaka tisa. Mwisho nikakasirika. Nikakuambia, "Kaka, wewe unatafuta jibu la kumpa profesa. Baba aliuliza swali la mgane." Ulivaa koti ukaondoka bila kunywa chai, na mwezi uliofuata hukuja. Nilijuta, lakini sikuomba radhi, kwa sababu nilikuwa nimesema kweli.

Kumbe muda nao ulikuwa unakwenda. Baba alianza kusahau majina ya wajukuu, ikafuata njia ya kisimani, mwisho akatusahau sisi. Nilipokupigia kukuambia hali yake, ulikuja siku iliyofuata.

Tulimkuta ameketi ukutani anaota jua. Ukainama: "Shikamoo, baba."

"Marahaba. Wewe mtoto wa nani?"

Ukamtajia jina lake yeye mwenyewe.

"Ah, huyo namfahamu," baba akasema, akachangamka. "Alikuwa na mke mcheshi sana. Alifariki."

"Ndiyo. Nimekuja kusema kwamba atamwona tena. Atamtambua."

"Atamtambuaje?" Baba akashusha sauti, kama mtu anayemsitiri mwenzake. "Nasikia siku hizi yule mzee anasahau sana."

Kaka, yale yote uliyokuwa umeyapanga kwa miaka tisa nilikuwa nayajua, uliyarudia mbele yangu mara ngapi pale dukani. Hukutumia hata moja. Ulikaa chini kwenye vumbi na suruali yako ya kazini, ukasema polepole, "Hatahitaji kukumbuka, baba. Atakumbukwa. Mungu hajasahau jina hata moja, wala uso hata mmoja. Watu wake watajuana kwa kumbukumbu yake yeye, siyo kwa hizi zetu."

Baba akafikiri. Kisha akakupiga begani. "Kamwambie," akasema. "Atafurahi."

Nilizunguka nyuma ya nyumba nikalia. Niliporudi mlikuwa mnasali, baba anaongoza, na katika Salamu Maria zile zote hakukosea neno. Mvua za mwaka ule zilipoanza, tukamzika kando ya mama.

Nilidhani mambo yameishia hapo, kwa amani. Halafu ini lako likaugua.

Mchana ule wodini uliniomba nikuinue kwenye mto. Ukasema, "Mdogo wangu, naogopa."

"Unaogopa nini?"

"Kwamba nilimdanganya baba. Yale maneno yalinijia palepale, kwa sababu nilitaka afurahi. Wewe unayaamini?"

Nikasema, "Pumzika kwanza, nikakuletee uji."

Nilikimbia, kaka. Uji ulikuwepo, kwenye chupa, chini ya kitanda chako. Nilisimama kwenye korido nimeegemea ukuta, natafuta jibu ambalo lisingekuwa uongo, na niliporudi ulikuwa umelala. Uliamka mara moja tu, hukuweza kusema, ukanitazama. Sijui kama ulikuwa bado unasubiri.

Kwa hiyo pokea jibu langu hapa, limechelewa kama lilivyochelewa lako.

Kama roho inarudi kwa Mungu kama tone la mvua ziwani au kama mtoto kwao, sijui. Sina elimu yako. Ninachojua ni kwamba nilikuogesha siku zile za mwisho, nikakukata kucha, na sikuona gereza la roho wala kanzu yake kuukuu. Nilikuona wewe. Na ninachokitamani sasa si roho kwa jumla. Natamani kikohozi chako kabla ya sentensi, na jinsi ulivyoimba vibaya kanisani bila kujua. Ikiwa Mungu ndiye aliyetengeneza kitu cha pekee namna hiyo, siwezi kuamini kwamba alikitengeneza ili akifute.

Kuna jambo lingine naona haya kulisema. Zamani nilisali kwa sababu nilifundishwa. Tangu uondoke namtaka Mungu, namtaka kwelikweli, kwa sababu wewe uko kwake. Najua ni sababu duni. Nadhani walimu wako wa kale, Wagiriki na Wakristo wote, wangetikisa kichwa na kusema kwamba huyu mwanamke ameshika ngazi kwenye kipandio cha chini kabisa.

Wacha waseme. Nimeanza kupanda.

Kwaheri, kaka. Nisalimie wazee wetu huko.

Mdogo wako,
fundi wa Majengo