Chumba cha Mama Ndani ya Sinema

Suzhou, 20 Februari 1926

Shangazi Huiru,

Shikamoo. Kikohozi kimepungua?

Nina jambo sijamwambia mtu yeyote. Barua anazopata Baba kutoka kwa Mama nazitunga mimi. Mama tulimzika siku kumi na tatu zilizopita.

Aliniapisha. Alisema Baba amepaka rangi kuta za seti za sinema za wenzake miaka tisa, na hii ndiyo sinema ya kwanza aliyopewa kujenga vyumba vyote mwenyewe. Akiondoka katikati, kazi atapewa mwingine. “Akimaliza, ndipo umwambie.” Mama hakujua kuandika, tangu zamani niliandika mimi, kwa hiyo Baba hakushuku mwandiko.

Tena baada ya mazishi Baba aliandika kuomba picha ya chumba chao, ajenge cha bibi harusi kama hicho. Nilimwita mpiga picha, nikaituma. Nikaandika kwamba Mama anakula vizuri.

Wewe unashona nguo hapo studio, unamwona kila siku. Nifanye nini?

Mwanao,
Yunqiao

Shanghai, 14 Machi 1926

Yunqiao mwanangu,

Marahaba. Kikohozi kimekwisha. Pole, mtoto wangu. Nimelia juu ya cherehani mpaka hariri ya watu ikaingia madoa.

Jana seti ilikamilika. Kitanda kile kile, dirisha lile lile, hata ufa wa ukutani. Na kioo cha mezani kimefunikwa kitambaa cheupe.

Mwongozaji akasema, “Bwana Shen, hiki chumba cha harusi au cha matanga? Nani kafa humu hata kioo kifunikwe?”

Mafundi wakacheka. Baba yako akajibu, “Nimejenga kama picha ilivyo.” Kisha akakiondoa kitambaa, akakikunja, akakitia mfukoni.

Mwanangu, ulisahau kukifunua kioo baada ya msiba. Mtu ambaye kazi yake ni kutazama vyumba, angekosaje kuona? Amejenga wiki zote hizi akijua.

Nilimfuata nje. Hata sijafungua mdomo, akasema, “Huiru, usimwambie mtoto kwamba najua. Anajitahidi sana.”

Nimeshindwa kumtii.

Shangazi yako,
Huiru

Suzhou, 29 Machi 1926

Shangazi,

Shikamoo. Natumai u mzima. Mimi nakula, usiwe na wasiwasi.

Leo imefika barua ya Baba, ameiandika kwa Mama kama kawaida. Anamuuliza kama miguu bado inavimba. Anasema kazi imekwisha, na atafika siku ya kufagia makaburi. Karatasi za kuchomea wafu kaburini atakuja nazo mwenyewe, mimi nipike wali tu.

Nilikaa na kalamu tangu asubuhi. Nimeshindwa kumjibu kwa jina la Mama, hata neno moja.

Akifika nitamkalisha, nitamwambia kama Mama alivyoniagiza. Naye atasikia kama mtu anayesikia mara ya kwanza, na labda hapo ataweza kulia. Sidhani amelia bado. Mimi pia sijalia mbele ya mtu.

Kwa hiyo nakuomba, Shangazi, asijue kwamba uliniandikia. Mwache aniambie hakujua. Hili libaki kwako.

Mwanao,
Yunqiao