Benchi la Nyuma

Mjukuu wangu Naomi,

Nani amekwambia una dhambi ya kutubu? Shangazi yako ameniambia kwenye simu kuwa umekubali kuja Jumapili ya mavuno kusimama mbele ya usharika, uombe kurudi kundini ili mtoto abatizwe. Nilimwomba arudie, nikidhani mtandao wa huko Itigi ndio mbovu. Kumbe kilichoharibika ni kichwa chako. Umetenda kosa gani wewe? Hebu litaje. Mtu gani anatubu kosa alilotendewa na mwenzake?

Shikamoo yako nimeipokea, marahaba. Sasa kaa usikilize. Kwenye simu unalia, na mimi mtu akilia nasahau nilichotaka kusema. Ndiyo maana nimeandika, kwa mkono wangu huu wa darasa la nne, na bahasha sitaifunga. Atakayeipokea njiani asome. Mzee wa kanisa naye akitaka, avae miwani yake asome.

Unakumbuka msimu wa alizeti, kabla ya mambo haya? Tulitandaza turubai uani, tukakaa wawili, kila mtu na fimbo yake, tunapiga vichwa vya alizeti mbegu zinaturukia usoni. Babu yako akapita na redio yake. Ukamwambia, "Mume wetu, mke mkubwa amechoka, njoo umpokee." Akajibu bila hata kugeuka, "Nimeoa wawili ili nipumzike mimi." Ulicheka mpaka fimbo ikakutoka. Halafu ukaanza kuimba ile sauti yako ya pili ya kwaya, unapiga alizeti kwa mapigo ya wimbo, na mkono wangu ukafuata wenyewe. Tulimaliza lile rundo jua likiwa bado juu. Ndivyo ninavyokujua mimi. Mwanamke mzima, fundi cherehani, mwenye mdomo, mwenye sauti.

Kisha mwalimu wa kwaya akakuzuia baada ya mazoezi, eti akufundishe kipande chako peke yako. Alikubaka. Nimeliandika neno lenyewe, maana kanisani kwetu wamelitafutia majina mengi. Wengine wanasema "yale mambo." Wengine wanasema Naomi "alianguka." Mtu akisukumwa shimoni mchana, wanamwuliza kwa nini hakuangalia njia.

Siku ile ulirudi ukaoga, ukatoka, ukachota maji ukaingia kuoga tena. Nilikaa kwenye jiwe nje ya bafu nikakuuliza, "Nani?" Ukanitajia. Nikakwambia, "Nimekuamini." Sijalirudisha neno hilo mpaka leo. Nilitaka twende polisi saa ile ile, ukanishika mkono: "Bibi, nakuomba, polisi hapana kwanza." Nikatii. Mtu aliyelazimishwa na mwanamume hawezi tena kulazimishwa na bibi yake.

Ulichotaka wewe ni wazee wa kanisa wajue. Tukaenda. Wakatupa viti, wakatupa chai, wakasema tulimalize humu humu ndani tusilitie kanisa aibu. Aibu wameiona kwetu, kwa yule hawakuiona. Kesho yake wakaja akina mama wa umoja wa wanawake wa kanisa kukuombea, wanasema una pepo wa huzuni. Wakakuwekea mikono kichwani, wewe ambaye siku hizo hata mimi nilikuwa nakupa uji nimesimama mbali. Ulitetemeka wakasema pepo anatoka. Nilichukua ufagio nikawatoa wao. Mwenyekiti wao anasimulia mpaka leo kuwa bibi yako ndiye mwenye pepo.

Tumbo lilipoonekana, wakakutenga. Wewe desturi yetu unaijua, lakini naiandika kwa ajili ya wasomaji wa njiani. Binti akipata mimba hajaolewa, anatolewa kwaya, haruhusiwi mezani kwa Bwana, anakaa benchi la nyuma pale mlangoni mpaka siku atakayosimama mbele atubu na kupokelewa kwa wimbo. Mwanamume haulizwi, kwa kuwa tumbo lake halioti. Basi yeye akabaki mbele, anainua mikono kuongoza kwaya, na wewe nyuma umeinamisha kichwa kama mwizi wa kuku. Jumapili moja ukatoka katikati ya ibada, ukapanda basi la Itigi bila kuniaga. Hilo sikulikasirikia. Nakasirika leo, unapotaka kurudi kwa magoti.

Sasa sikia usiyoyajua.

Ulipoondoka nilihamia benchi lako. Mzee wa kanisa akaja ananinong'oneza, "Bibi, hapa ni pa waliotengwa."

"Najua. Mjukuu wangu ameacha nafasi, naishikilia."

"Lakini wewe hukutenda kosa."

"Na yeye je?"

Akaenda kupanga vikapu vya sadaka ambavyo vilikuwa vimeshapangwa.

Jumapili iliyofuata akaja kukaa nami Mama Elia, yule mjane anayeuza mlenda mkavu sokoni Ilongero. Nikadhani amefuata upepo wa mlangoni. Katikati ya mahubiri akanishika goti, akasema polepole huku anatazama mbele, "Mimi ilikuwa shemeji yangu. Nilisimama pale nikatubu, nikaimbiwa wimbo, nikapewa mikono. Naye shemeji akanipa mkono." Mama Elia ana wajukuu, Naomi. Alikuwa hajamwambia mtu. Baada ya ibada nilimwuliza kama anataka nimshike, akasema ndiyo, nikamshika.

Wakaja wengine. Siwataji, majina ni yao. Ibada ikiisha tunabaki pale nyuma. Tunaomba, tena sana. Lakini kwetu hakuna kumwekea mtu mikono bila kumwuliza, na hakuna kumwambia mtu asamehe kabla hajamaliza kusema alichotendewa. Anayetaka kulia analia. Asiyetaka kusema anachambua choroko zake. Mmoja alikaa kimya mavuno hadi mavuno, juzi akacheka. Tulinyamaza wote tumsikilize.

Mchungaji naye akaja, yule kijana. "Bibi, mnaligawa kanisa." Nikamwambia, "Baba mchungaji, tumelikuta limegawanywa, sisi tumechagua benchi tu." Nikamwuliza pia kama maji ya ubatizo yanachachuka yakimgusa mtoto wa mtu aliyeonewa. Akakaa mwisho wa benchi mpaka tulipomaliza maombi. Kwa mchungaji hilo ni jambo kubwa.

Watu wananiuliza mbona sihami kanisa. Nihamie wapi? Mawe ya msingi wa lile jengo niliyabeba kichwani nikiwa msichana. Yesu sina ugomvi naye. Nina ugomvi na wanaoshika ufunguo wa mlango wake.

Mimi si mtu wa kuogopa, lakini nimeogopa tangu simu ile ya shangazi yako. Wimbo wa kumpokea mwenye dhambi unaimbwa na kwaya, na kwaya anaiongoza nani? Yeye bado. Utasema "nimekosa" kwa mdomo wako mwenyewe, na yeye amesimama pembeni yako anasubiri umalize ainue mikono. Wewe utaisikia sauti yako na utaiamini. Yeye ataisikia na atalala usingizi. Na huyu binti yako mdogo, mke mwenza wetu wa tatu, atakua, na siku moja kisimani ataambiwa na wenzake kuwa mama yake alitubu kwa ajili yake. Atajiona yeye ndiye dhambi. Hilo sitaliruhusu nikiwa hai.

Nina hamu nawe, Naomi. Alizeti ya mwaka huu nimepiga na babu yako, hajui mapigo, ananigonga vidole.

Kwa hiyo fanya hivi. Jumamosi panda basi uje na mtoto. Ukishuka Singida mjini chukua bodaboda, mwambie aende taratibu. Babu ameshamkamata jogoo. Joho lako la kwaya nimelifua na kulipiga pasi, utalivaa siku utakayopenda, hata kama ni mwakani. Jumatatu, ukiwa tayari, tutakwenda dawati la jinsia pale polisi. Nimeshaongea na askari wa kike, amesema hujachelewa. Hilo la polisi nakuachia uamue mwenyewe.

La Jumapili sikuachii. Utaingia kanisani kwa mlango mkubwa, utakaa benchi la nyuma katikati yangu na Mama Elia. Mchungaji nimemwambia nina neno mbele ya usharika na jina la mtu la kulitaja. Amekubali, ingawa jasho lilimtoka. Wazee watakapoita "Naomi, simama," wewe usisimame. Mpakate mtoto, ukae. Nitasimama mimi.

Ni mimi mke mwenzio mkubwa,
Bibi yako