Kilio Kilichotangulia Maiti

Akinyi amejilaza sakafuni sasa hivi, akajifunika leso yangu mpaka kichwani, akasema, "Mama, nimekufa. Lia."

Sikucheka. Nimemvua ile leso, nikamkalisha kwa kiti cha babake, nikamwambia huo si mchezo. Mtoto wa miaka mitatu. Ameutoa wapi kama si kwangu?

Leo ni Alhamisi. Mvua imekatika, mtaa wetu wote wa Migosi ni matope, na mimi sina nguvu hata ya kuanika nguo.

Jana tulifanya mazoezi hapa uani, ya filamu niliyoandika. Mimi niliyeishia darasa la saba, niliyezoea kuandikia kanisa michezo ya Krismasi! Dairekta wa filamu kutoka Nairobi aliona mmoja, akaniambia, "Mama, niandikie hadithi ya hapa kwenu." Nikaandika baba anakufa, mke anapiga nduru ya msiba.

Mama Atieno, anayeigiza mke, aliitoa ile nduru tumboni kabisa. Nilifurahi kama mjinga. Kabla hajapiga ya pili, majirani wamejaa, mikono kichwani. Huyu amebeba kuni, yule viti. Kwetu nduru haiulizwi, unakimbia tu. Maiti anaigizwa na seremala wetu, Mzee Odongo. Habari kwamba amekufa zikafika mpaka Kisian kwa ndugu yake, naye akaja kwa baiskeli akilia njia nzima. Akamkuta marehemu anakunywa chai.

"Kumbe uko?" akauliza, machozi bado yanatiririka.

"Niko. Kaa, chai ni moto."

Watu walivunjika mbavu. Mama mkwe wangu hakucheka. "Nduru ikishatoka inamtafuta mwenyewe," aliniambia, na tangu hapo hajanisemesha. Ndugu wa Mzee Odongo naye amekataa: mzee halali tena chini ya lile shuka la maiti.

Dairekta anashangaa. "Ni filamu tu, jamani! Akishakufa anaamka, anapewa soda." Amesema leo nimpe kifo kingine, la sivyo rafiki yake wa Nairobi ataandika, na jina litakaloonekana mwishoni ni la huyo rafiki.

Jina langu.

Nalitaka, siwezi kujidanganya. Nataka siku moja Akinyi alisome kwa televisheni, hata kama ni televisheni ya jirani.

Tangu asubuhi naandika, nachana. Saa hii nimeinua macho, nikamwona Akinyi pale kwa kiti cha babake, miguu haifiki chini, bado amenuna kwa vile nimemgombeza. Nikaandika hivi:

Mke anapakua ugali. Anaweka maji ya kunawa mbele ya kiti cha mumewe. Mtoto anapanda kile kiti. Mama anasema, "Shuka, hicho ni cha baba." Anayatazama yale maji. Halafu anasema polepole, "Basi, kaa."

Hakuna nduru. Hakuna mtu chini ya shuka.

Nimelia mwenyewe, kimyakimya. Lakini itatosha? Huyu dairekta anapenda kelele.

Gari lake hilo, linanguruma kwa matope hapo nje. Na sauti ya mama mkwe, ya kwanza tangu jana: "Mama Akinyi! Watu wako wa filamu wamefika, na wewe umejificha?"

Nitamsomea yeye kwanza, kabla ya dairekta. Akisikiliza mpaka mwisho bila kunikatiza, nitajua ni nzuri, na huyo rafiki wa Nairobi hata akiandika yake—

Naja, mama, na nina kitu cha kukusomea.