Ndiyo, Ni Usanii

Jumanne, mtaani Najma, Doha. Vumbi tangu alfajiri, mtaa mzima umekuwa rangi ya unga wa dengu. Na mimi nimenuna kuliko hali ya hewa.

Kwenye grupu la Watanzania wa hapa Doha kuna aliyeandika kwamba igizo letu la Ijumaa, la kumuaga Saidi, ni "usanii mtupu". Kwa Kiswahili cha kwetu kila mtu anajua hakumaanisha sanaa. Kamaanisha utapeli. Eti nimemkatia Saidi tiketi ya kurudi Tanga ili nipate jukwaa la kutangaza biashara yangu ya kusafirisha mizigo.

Nimekasirika, sifichi.

Saidi alikuwa mlinzi. Aliteleza kwenye ngazi, akaumia mgongo, na kazi ikaishia hapo. Tiketi nilimkatia kimyakimya. Aliyeitangaza ni yeye, kwa furaha. Hata igizo ni wazo lake. Ndiye mchekeshaji wa kikundi chetu, tunachofanyia mazoezi ghalani kwangu Abu Hamour, katikati ya maboksi ya watu. Kuna madereva, mpishi, yaya kutoka Unguja, na nesi Mkenya anayeigiza madamu, bosi wa kike wa nyumbani, mpaka mayaya wa kweli wanaogopa.

Mchana akanipigia Mzee Shomari, mwenyekiti wetu Watanzania wa hapa. Nikamwamkia, naye hakukawia kusema lililomleta.

"Mwanangu, sadaka ni siri. Umeshampa tiketi, halas, yameisha. Hilo igizo lifute. Lisemwalo lipo."

"Lipo, mzee. Lipo Ijumaa baada ya swala."

Akaniambia nimekuwa jeuri. Labda. Lakini nani kasema maskini anastahili wali na tiketi tu, kicheko ni cha wenye nacho? Wakubwa wakijenga majumba ya sanaa tunaenda kupiga picha. Mimi nikifungua ghala, ni tapeli.

Jioni mteja wangu mkubwa kahamisha mzigo wake wote kwa mwingine. Hakunieleza sababu, na sikumuuliza. Imeniuma. Biashara hii ndiyo inayolisha nyumba yangu.

Hapo nikalegea, nakiri. Nikaenda chumbani kwa Saidi kumwambia tuahirishe.

Nilimkuta amesimama, mkanda wa mgongo kiunoni, anajifunza mwendo wa tajiri aliyepoteza funguo za gari. Kila hatua anakunja uso kwa maumivu, kisha anaukunjua na kuendelea. Maneno ya grupu alikwishayasikia. Akanitazama, akajua nimefuata nini.

"Bosi, kila anayekuja kunipa pole ananiangalia mgongo," akasema. "Ijumaa nataka waniangalie usoni."

Nikaketi kitandani kwake, nikawa mtazamaji, nikacheka mpaka machozi.

Nimeandika kwenye grupu sasa hivi: ndiyo, ni usanii, na mlango uko wazi kwa wote. Mzee Shomari nimemwekea kiti cha mbele. Asipokuja, atakikalia mwingine.