Kiwiko cha Erasmus

Kanazi, Ngara
3 Mei 2024

Mwanangu Erasmus,

Kosa la wengi hapa kwetu ni kudhani mkono unaouma ni mkono mvivu. Naanza na hilo kabla ya kukujulia hali, kwa sababu hali yako umeniandikia: kiwiko kinauma, kidole cha mwisho kinakufa ganzi. Nimekuwa muuguzi miaka thelathini na mmoja. Huo si uchovu, ni mshipa wa fahamu unaobanwa kiwikoni. Ukiendelea kurusha mpira, utashindwa hata kufunga kifungo cha shati.

Najua unaogopa kwamba ukisema, timu itatafuta mrushaji mwingine. Mwambie kocha.

Sisi hatujambo. Baba yako anatamba gulioni kwamba mwanawe analipwa huko Japani kwa kurusha mpira wa besiboli. Mdogo wako Febronia akamjibu, "Sisi tunawarushia ngedere mawe mahindini kila siku, mbona hatulipwi?"

Shangazi yako,
Adelfina


Japani, 11 Juni 2024

Shangazi, shikamoo.

Natumaini maharage mmevuna salama. Nilikaa na barua yako siku nane kabla ya kusema. Kocha aliuliza, "Nani amekwambia ni mshipa?" Nikajibu, shangazi. Daktari wao akathibitisha.

Nimepumzishwa hadi Septemba. Nitapewa mechi moja ya kujipima. Nikishindwa, narudi nyumbani.

Mwanao,
Erasmus


Kanazi, 23 Septemba 2024

Mwanangu,

Hujambo, na mkono haujambo? Jana tulikutazama kwenye simu ya jirani yetu Marsiana, watu kumi na wanne, videvu mabegani mwa wenzetu. Niliwaeleza kwamba mpigaji wa timu pinzani akiukosa mpira wako mara tatu, anatoka. Wakaja watatu, na wote watatu walipiga hewa! Febronia alipiga vigelegele mpaka majirani wakadhani kuna harusi. Mimi nililia, wala sikujificha.

Kisha kocha akaja, akauchukua mpira mkononi mwako. Baba yako akaruka: "Wamemnyang'anya!" Akaondoka, na tangu jana hajala. Nimemweleza kwamba mrushaji aliyemaliza kazi yake hupumzishwa, na kwamba kocha alikuwa anacheka. Anasema namfariji tu.

Asubuhi hii nimepata ujumbe wako kwamba umepewa mkataba wa miaka miwili. Sijamwambia. Habari hiyo ni yako, si yangu.

Mpigie simu leo.

Shangazi yako,
Adelfina